Bonge wa Budapest: kisa cha muigizaji wa pembeni kwenye filamu bubu

Kisa kwa kifupi

Huyu ni mtu wa kweli, Mhungari, alifanya kazi ya kuigiza toka miaka ya mwanzo ya 1910 mpaka mwishoni mwa miaka ya 1930. Jina lake, tarehe zake na majina ya filamu zake nimeyaficha, tutamwita Bonge tu, maana alikuwa mnene haswa na mwili ule ndo uliokuwa unamlisha. Hakuwa staa wa kwenye mabango. Ni yule mtu ukimuona unasema "huyu jamaa si nimeshamuona mahali", anauza sura dakika tano kama mwenye baa au mlinzi wa mlangoni, anatoa macho, anakula kibao, anaondoka na filamu inaendelea bila yeye.

Nimemchukua yeye kwa sababu kuna maelezo mepesi ambayo watu huwa wanayatoa kuhusu waigizaji wa aina yake, kwamba sauti ilipoingia kwenye sinema lafudhi ikawamaliza, basi, habari imeisha. Ukifuatilia kazi za Bonge mwaka kwa mwaka hiyo haitoshi kabisa. Sauti ilimshusha cheo, ni kweli, lakini baada ya sauti bado alikula kwa kazi hiyohiyo karibu miaka kumi. Aliyemtoa kazini ni mwingine.

Usuli: alianzia wapi

Budapest kabla ya vita ya kwanza ulikuwa mji wa jukwaa na kabareti, watu wanakunywa kahawa, wanasikiliza vichekesho, na waigizaji wengi walikuwa wanalipwa kwa jukwaa halafu filamu wanaichukulia kama kibarua cha mchana. Bonge naye alitokea jukwaani. Mwaka 1912 na 1913 filamu za Kihungari zinaanza kuchangamka, kule Kolozsvár, mji uliokuwa wa Hungaria wakati huo, kuna Jenő Janovics, mkurugenzi wa tamthilia, ambaye alifungua kazi ya filamu kwa kutumia waigizaji wake haohao wa jukwaani, na Budapest kuna vijana wawili ambao baadaye dunia nzima itawajua, Mihály Kertész na Sándor Korda. (Kertész ndo yule Michael Curtiz wa Hollywood, na Korda ndo Alexander Korda wa Uingereza.)

Vita ikaanza 1914, na hapa kuna kitu ambacho watu hawakitegemei: vita iliinufaisha sinema ya Hungaria. Filamu za Ufaransa hazikuingia tena maana ni adui, za Italia zikafuata baada ya 1915, za Marekani baada ya 1917, kumbi zipo na watu wanataka kusahau shida zao kwa hiyo lazima mtu atengeneze. Mwaka 1918 Hungaria ilitoa filamu kama 100 hivi, kwa nchi ndogo iliyo vitani hiyo ni nyingi mno. Korda alishanunua kampuni ya Corvin kutoka kwa Janovics mwaka 1917 na kuihamishia Budapest, kazi zikawa nje nje. Bonge tayari alikuwa na mfululizo wake wa vichekesho vifupi vilivyobeba jina lake la utani, yaani mwili wake ulishakuwa chapa. Mtu akiona jina tu kwenye ukuta wa ukumbi anajua anaenda kucheka.

Ili uelewe kwa nini mwili ulikuwa mtaji mkubwa namna hiyo inabidi uelewe filamu bubu ilivyokuwa inatengenezwa na kuuzwa. Kwanza mkanda wa wakati ule haukuwa unaona rangi vizuri, nyekundu ilikuwa inatoka nyeusi, na macho ya bluu yalikuwa yanapauka mpaka mtu anaonekana kama kipofu, kwa hiyo waigizaji walipakwa poda nzito na ishara za uso ilibidi ziwe kubwa. Uso mpana wa Bonge ulikuwa unasomeka hata na aliyekaa nyuma kabisa karibu na mlango. Pili, dairekta alikuwa anaongea na waigizaji kamera ikiwa inazunguka, anapiga kelele na kipaza sauti cha mdomoni, "geuka, anguka, sasa lia", hakuna wa kumzuia maana hakuna sauti inayorekodiwa. Wewe unaweza kuongea Kihungari, mwenzako anajibu Kijerumani, na tukio linaenda safi. Tatu, na hii ndo pesa ilipokuwa, filamu ikitaka kuuzwa nchi nyingine wanakata vile vibao vya maandishi vinavyokatiza picha kueleza maongezi, wanabandika vya lugha ya huko. Gharama yake ni ndogo mno. Muigizaji asiyejua Kireno hata neno moja anachekesha Brazil bila tatizo.

Mtiririko wa matukio

Mwaka 1919 kila kitu kilivurugika. Machi wakomunisti wakashika madaraka, na mwezi wa nne wakataifisha sinema yote, Hungaria ikawa nchi ya kwanza duniani kufanya hivyo, iliwatangulia hata Warusi kwa miezi kadhaa. Serikali yenyewe ikadumu siku 133, Agosti mosi ikaanguka, Novemba Horthy, kiongozi wa jeshi la wapinga ukomunisti, akaingia Budapest na farasi wake mweupe, na baada ya hapo ikawa ni kuwindana: wakomunisti, waliofanya nao kazi, na Wayahudi kwa ujumla. Béla Lugosi aliyekuwa mstari wa mbele kwenye chama cha waigizaji alishakimbia. Korda alikamatwa, alipotoka akaenda Vienna. Kertész naye Vienna. Halafu Juni 4, 1920 mkataba wa Trianon, ule wa amani baada ya vita, ukaikata nchi, theluthi mbili ya ardhi ikaenda, Kolozsvár ikawa ya Romania, na kumbi za sinema za huko zikaenda nayo.

Bonge alikuwa Myahudi, na alikuwa muigizaji kwenye tasnia ambayo soko lake limekatwa vipande. Akaelekea Ujerumani.

Berlin ilimpokea vizuri kuliko wengi wanavyokumbuka. Kampuni ya Ufa ilikuwepo toka Desemba 1917, marki ilikuwa inaporomoka, na kuporomoka kwa pesa kulifanya filamu za Kijerumani ziwe rahisi kuuza nje, kwa hiyo wanatengeneza nyingi na wanahitaji nyuso. Kati ya 1920 na 1924 hivi Bonge anaonekana kwenye filamu za madairekta wakubwa kabisa wa pale, mara mfalme wa nchi ya mbali, mara mshirika wa genge linalotengeneza noti bandia, mara mzee tajiri. Hajawahi kuwa mhusika mkuu huko, lakini ukizitazama leo zile filamu yeye unamkumbuka. Kuna moja anakaa tu kwenye kiti cha enzi, kucha ndefu, macho yamefumbwa nusu, hafanyi karibu chochote, na bado wewe unamuangalia yeye badala ya wanaokimbia mbele yake.

Katikati ya miaka ya 1920 akapata dili la Hollywood, kampuni ya Universal. Bosi wa Universal, Carl Laemmle, alikuwa mzaliwa wa Laupheim Ujerumani na alikuwa anapenda kuvuta watu wa Ulaya. Ila kulikuwa na sababu nyingine. Marekani ilikuwa na mchekeshaji mnene mmoja mkubwa kuliko wote, Roscoe Arbuckle, Paramount walikuwa wanamlipa kama dola milioni moja kwa mwaka, na Septemba 1921 akaingia kwenye kesi ya kifo cha mwigizaji wa kike huko San Francisco. Kesi tatu. Aprili 12, 1922 baraza la wazee wa mahakama likamwachia huru na hata likaandika kumuomba radhi, lakini siku sita mbele Will Hays, msimamizi wa maadili ya sinema, akapiga marufuku filamu zake, na ingawa marufuku iliondolewa kabla mwaka haujaisha sura yake skrini haikurudi kama zamani. Kukawa na kiti kikubwa kitupu, na waliokuwa wanagombania kukikalia walikuwa wengi tu.

Bonge akapewa jina jipya la Kiingereza lenye kuchekesha na akawekwa kwenye filamu fupi za mkanda mmoja, dakika kumi na kitu hivi, zile zinazotangulia kabla ya filamu kubwa. Humo yeye ndo mhusika mkuu. Sambamba na hizo alikuwa anaingia kwenye filamu ndefu kama mtumishi, mwenye nyumba ya wageni, hivyohivyo.

Oktoba 6, 1927 ile filamu ya Warner Bros. yenye nyimbo na maongezi ikaonyeshwa New York, katikati ya 1928 ikatoka ya kwanza ya maongezi mwanzo mwisho, na kampuni zote zikaanza kukimbizana. Kufika mwisho wa miaka ya 1920 Bonge amesharudi Ulaya. Akafanya kazi Ujerumani, humo kwenye filamu za sauti, vipande vidogo lakini vya kueleweka. Januari 30, 1933 Hitler akawa Kansela. Machi 29 mwaka huohuo Ufa wakaamua kuwatoa wafanyakazi Wayahudi, na mwezi wa saba kikaanzishwa chombo cha serikali ambacho bila uanachama wake hufanyi kazi ya filamu, na Myahudi uanachama hapati. Bonge akarudi nyumbani.

Maamuzi, na kwa nini

Uamuzi wa kuondoka 1920 hauna mjadala. Kazi hakuna, usalama hakuna, na kwa filamu bubu mpaka wa nchi haukuwa kitu.

Wa kwenda Hollywood nao unaeleweka, ingawa hapa watu hawaangalii alichokiacha. Berlin alikuwa muigizaji wa pembeni kwenye filamu nzito, Universal akawa mhusika mkuu kwenye filamu nyepesi. Kwenye karatasi amepanda cheo, jina lake lipo mbele. Kiuhalisia amehamia kwenye bidhaa ya bei ya chini kuliko zote pale studio, maana filamu ya mkanda mmoja mwenye ukumbi alikuwa anaichukua ndani ya kifurushi cha programu, hamna mtu aliyetoka nyumbani kwake kwa ajili ya hiyo. Na kila mchekeshaji mnene wa miaka ile alikuwa anapimwa na Arbuckle. Bonge alikuwa na utulivu wa Kijerumani, ule wa kukaa kwenye kiti na kutawala picha, wao wakamtaka aanguke kwenye ngazi. Alianguka. Ila kuanguka walikuwepo wanaoanguka vizuri kuliko yeye, vijana wa sarakasi waliokulia humohumo.

Wa kurudi Ulaya ndo watu wanamlaumu. Mimi simlaumu. Mwaka 1928 na 1929 mitambo ya sauti ilikuwa mibaya sana kwa mtu wa aina yake, na siongelei lafudhi peke yake. Kamera ilikuwa inafungiwa kwenye kibanda ili mlio wake usiingie kwenye maikrofoni, ndani humo joto la kufa mtu, haisogei, na waigizaji wanasimama karibu na pale maikrofoni ilipofichwa, kwenye chombo cha maua au wapi. Mchekeshaji wa mwili unamwambia simama hapa na ongea taratibu, umemnyang'anya kila kitu alichokuja nacho. Juu ya hapo zile filamu fupi za kimya zikaanza kusukumwa nje na filamu fupi za sauti, waimbaji na wachekeshaji wa maneno kutoka majukwaa ya New York ambao studio iliwapata kwa bei rahisi. Bidhaa yake nzima ikafa kwenye rafu. Ujerumani alikuwa na lugha, alikuwa na madairekta wanaomjua, na mwaka 1929 hamna mtu mwenye akili timamu aliyekuwa anapanga maisha yake kwa kumhofia Hitler.

Uamuzi ambao mimi nautilia shaka ni wa 1933, tena sehemu yake tu. Kurudi Budapest ilikuwa sawa, wengi walifanya hivyo. Filamu za sauti za Kihungari zilikuwa zimeanza 1931 na vichekesho vikawa vinapendwa balaa, na kwa mara ya kwanza toka 1919 Bonge yuko kwenye tasnia inayochangamka ambayo lugha yake ni ya mama yake. Akapata kazi. Vipande vidogovidogo, lakini mfululizo. Akabaki hapo.

Matokeo

Mei 1938 bunge la Hungaria likapitisha sheria ya kwanza ya Wayahudi, ikataka Wayahudi wasizidi asilimia 20 kwenye fani kadhaa na ikaanzisha chama cha lazima cha waigizaji wa jukwaa na filamu. Mwaka uliofuata ya pili ikashusha mpaka asilimia 6. Muigizaji wa pembeni ndo wa kwanza kukatwa kwenye hesabu kama hizo, maana zile nafasi chache zilizobaki zinaenda kwa majina yanayouza tiketi. Kazi za Bonge zinaishia hapo.

Baadaye, vita ikiwa imeshawaka, akajaribu kutoka kwa upande wa mashariki, kupitia Sovieti, ili azunguke mpaka Marekani. Hakufika. Alifia huko mashariki, miaka ya vita.

Uchambuzi

Nianze na kilichofanya kazi. Kuifanya sura yake iwe chapa mapema, kabla ya 1914, kulimpa pasipoti kwa zaidi ya miaka 20. Kila alipohama hakuhitaji kujieleza, prodyuza anamuona tu anajua kazi gani ampe, na wakati wa filamu bubu hiyo ilitosha kabisa. Kingine ni kwamba hakuona aibu kushuka. Alitoka kwenye jina la kwanza Universal akarudi kwenye mwenye baa wa dakika tano Berlin, na zile dakika tano ndo leo watu wanazitazama. Filamu bubu za Hungaria zenyewe nyingi mno zimepotea, mikanda ya nitrati inawaka na inaoza, kwa hiyo kazi yake ya kwanza, ile ya kuwa kipenzi cha nyumbani, imebaki chache sana.

Kilichofeli: hakujenga kitu cha pili. Hapa lazima nimlete mwenzake ili isionekane nampiga marehemu kwa kujua mwisho. Szőke Szakáll, naye wa Budapest, naye Myahudi, wamezaliwa miaka ya jirani kabisa, naye bonge wa mashavu, naye alipita Berlin miaka ya 1920, naye alirudi Hungaria mambo ya 1933 yalipoharibika. Njia ileile. Kufika 1940 Szakáll yuko Hollywood, na 1942 ukitazama ile filamu maarufu ya Casablanca, aliyoiongoza Curtiz huyohuyo wa Budapest, mzee mnene anayesimamia wahudumu wa mgahawa ni yeye. Kiingereza chake kilikuwa kibovu na alikifanya kuwa ndo kichekesho chenyewe.

Tofauti kati yao unaweza kuipima. Szakáll alianza kama mwandishi wa vichekesho vya kabareti, maneno yalikuwa mali yake kabla mwili haujawa, kwa hiyo sauti ilipokuja haikumpunguzia kitu. Lugosi naye lafudhi yake nzito aliigeuza mali kwa kucheza Dracula Broadway 1927 na kwenye filamu 1931. Paul Lukas, wa Budapest pia, akajifua Kiingereza mpaka akachukua Oscar ya muigizaji bora, tuzo zilizotolewa 1944. Wote hao lafudhi wanayo. Kwa hiyo ile habari ya "lafudhi iliwaua" mimi naiona inawaficha watu kitu, lafudhi iliwaumiza wale ambao hawakuwa na sehemu ya kuiweka.

Ila tusimpe Szakáll sifa zote kana kwamba alijua. Dada zake hawakutoka, waliuawa kambini. Na kuna Franziska Gaal, staa mkubwa wa vichekesho, alishafika Hollywood kabisa, akarudi Budapest 1940 na vita ikamfungia humo, alipona kwa kujificha na kazi yake haikusimama tena. Yeye alikuwa ameshafika salama na bado akarudi, kwa hiyo sijui kwa nini Bonge peke yake ndo aonekane alikosa akili.

Kwa macho yangu dirisha lilikuwa kati ya 1934 na 1936. Universal walikuwa na tawi lao la Ulaya, na lilipofukuzwa Berlin na mambo ya Hitler likaja kutengeneza filamu Budapest, msimamizi wake akiwa Joe Pasternak, Mhungari mwenzao. Ni kampuni ileile iliyomuweka Bonge kwenye mikanda yake fupi miaka kumi nyuma, iko mji uleule anaokaa, inatafuta waigizaji wa vichekesho. Pasternak aliondoka kwenda Marekani 1936, na ndiye aliyekuja kumvuta Szakáll baadaye. Kabla ya 1938 mtu mwenye mkataba wa studio mkononi alikuwa anasafiri kawaida na treni mpaka bandarini. Baada ya hapo ilibaki foleni ya kawaida ya viza, na Marekani ilikuwa inapokea Wahungari 869 tu kwa mwaka mzima.